Stelingi Kabla ya Waziri Mkuu: Utangulizi wa Masomo ya Waigizaji wa Mwanzo wa Filamu Dar es Salaam

Barabara ya Kawawa inatoka Morocco, inapita Kinondoni na Magomeni, inashuka hadi Ilala. Muulize abiria yeyote wa daladala huyo Kawawa ni nani, atakwambia Simba wa Vita, Waziri Mkuu, mtu wa Nyerere. Akiwa na umri kidogo atamkumbuka na mkewe, Mama Sofia wa UWT. Lakini mtu wa kukujibu kwamba Kawawa alikuwa mwigizaji wa filamu utamtafuta mpaka ufike mwisho wa ruti. Na kabla hajashika cheo chochote cha siasa, Rashidi Mfaume Kawawa alikuwa stelingi. Mwaka 1952, watu walipokusanyika mbele ya pazia jeupe kutazama Muhogo Mchungu, uso waliokuwa wakiufuata ulikuwa wake.

Naanza naye kwa sababu ndiye mlango mzuri wa kuingilia somo hili. Somo lenyewe ni changa. Wapo waliokwisha kuandika vizuri juu ya sinema zetu: Rosaleen Smyth juu ya filamu za serikali ya kikoloni, James Brennan juu ya udhibiti wa filamu, Laura Fair juu ya majumba ya sinema na watazamaji wake katika kitabu chake cha mwaka 2018. Mwigizaji mwenyewe, yule anayesimama mbele ya kamera na kuondoka na ujira wake, amebaki pembeni. Tunamjua mwenye jumba, tunamjua aliyekata filamu kwa mkasi wa serikali, tunajua hata bei ya viti. Mwigizaji tunamkuta kwenye sentensi moja, tena mara nyingi bila jina. Karibu basi, msomaji, nafasi bado ipo tele.

Jambo moja nalishikilia tangu mwanzo, na utaliona katika kila nitakalosema: mwigizaji wa mwanzo hasomwi kwa kutazama filamu zake peke yake. Anayesubiri kwanza apate filamu zote ndipo aandike, atakufa hajaandika. Filamu za mwanzo ndizo zinazotangulia kupotea, na hili si letu peke yetu. Tazama Japani, nchi yenye viwanda na makumbusho. Nyota wake wa kwanza wa filamu alikuwa Onoe Matsunosuke, aliyezaliwa 1875, mwigizaji wa kabuki wa kuzungukazunguka mikoani hadi Makino Shozo alipompa kazi ya filamu kule Kyoto mwaka 1909. Aliigiza mashujaa wa zamani, wapiganaji wa upanga na wachawi wa ninja, na alipofariki mwaka 1926 hesabu ya filamu zake ilikuwa imepita elfu moja. Watoto walimpenda kwa macho yake makubwa aliyokuwa akiyatoa wakati wa pigano. Katika filamu hizo zaidi ya elfu, zilizobaki ni chache sana, nyingine vipande tu. Lakini Wajapani wanamwandikia vitabu. Wanamwandikia kutokana na matangazo ya majumba, magazeti, picha za mnato, na kumbukumbu za waliokuwa watoto wakati ule. Sisi tunazo hizo zote, ila hatujazikusanya.

Sasa turudi nyuma kidogo ya Kawawa. Mwaka 1935, kule Vugiri katika milima ya Usambara, Meja L. A. Notcutt alianzisha mradi wa filamu za elimu kwa Waafrika, chini ya Baraza la Kimataifa la Misheni, kwa fedha za shirika la Carnegie la Marekani. Hadi mwaka 1937 zilikuwa zimetengenezwa filamu 35. Waigizaji walikuwa wenyeji, watu wasio na mafunzo, na sauti haikuwa kwenye mkanda. Ilirekodiwa kwenye santuri kwa lugha mbalimbali, Kiswahili kikiwamo. Moja ya filamu hizo ilihusu benki ya akiba ya posta. Vibarua wawili wanapokea mshahara: mmoja anachimbia pesa zake nyumbani, mwizi anazifukua, mwenzake anapeleka zake posta na anaishi kwa amani. Msomaji mwerevu ataona mara moja nani ana kazi ngumu hapo. Yule wa posta anatembea tu na kitabu chake. Mwizi ndiye mwenye sinema: lazima anyemelee, achungulie, achimbe, akimbie. Nimesimulia hadithi hii darasani mara nyingi, na kila mara wanafunzi humuulizia mwizi. Wakubwa wa Vugiri walidhani wanafundisha kuweka akiba, kumbe pia walikuwa wanafundisha uigizaji, na mwizi wao ni mmoja wa mababu wa fani hii.

Baada ya vita vikuu vya pili, serikali ya Tanganyika ilirudia jaribio kwa njia nyingine. Kuanzia 1951 ilishirikiana na African Film Productions ya Johannesburg, kampuni iliyokuwa na uzoefu wa kutengeneza filamu za kuuzika. Safari hii walitaka hadithi kamili zenye vichekesho na mhusika wa kupendwa, siyo somo la minyoo na mmomonyoko wa udongo. Kawawa alikuwa ametoka Tabora, shule iliyowalea wengi waliokuja kushika nchi, akawa mtumishi wa serikali na akaingia katika kazi za ustawi wa jamii. Huko ndiko filamu zilikomkuta. Akawa mwigizaji mkuu wa Muhogo Mchungu, na pia wa Chalo Amerudi. Jina la hiyo ya pili linakuonyesha swali lililokuwa likisumbua kila mtu wakati ule. Amerudi kutoka wapi, na amekuja na nini? Kijana anakwenda mjini, mji unamfanya nini, na nyumbani watampokeaje? Afrika Kusini walikuwa wamelicheza swali hilohilo mwaka 1949 katika filamu ya kijana Jim aliyekwenda Johannesburg. Lilikuwa swali la bara zima, na Dar es Salaam ya wakati huo, inayojaa wageni kutoka bara kila wiki, ilikuwa mahali pake hasa.

Hapa inafaa tusimame, maana ndipo stelingi wetu wa kwanza anapotofautiana na nyota wa Japani, wa Bombay au wa Marekani. Matsunosuke aliishi kwa mlango: watu wakilipa, kampuni inampa filamu nyingine. Kawawa alikuwa mtumishi wa serikali. Umaarufu wake haukupimwa kwa tiketi, kwa kuwa filamu kama zile zilizungushwa kwa magari ya sinema, zikaonyeshwa bure uwanjani, mbele ya boma au shuleni. Kwa hiyo ukitaka kumfuata, usianze na kumbukumbu za wafanyabiashara wa sinema. Anza na mafaili ya idara, nenda Nyaraka za Taifa kule Upanga, omba barua za maofisa wa ustawi wa jamii na ripoti za mwaka. Ni kazi ya vumbi. Barua za maofisa hawa zinachosha, zimejaa petroli, matairi na posho, lakini posho ndiyo inayokuonyesha nani alikuwa wapi na tarehe ngapi.

Jiografia nayo ina lake la kusema. Mji wa Dar es Salaam uligawanywa kwa rangi: Uzunguni pwani ya kaskazini, Uhindini katikati, na Waafrika Kariakoo na kuendelea. Kati ya Uhindini na Kariakoo paliachwa wazi, na pale ndipo Mnazi Mmoja. Majumba ya sinema, Empire, Avalon, Empress, Odeon, Cameo, Chox, yote yalikuwa upande wa mji. Mtu wa Mtaa wa Sikukuu au Narung'ombe akitaka picha, alivuka uwanja. Mwanzoni mwa miaka ya 1950 pembeni ya Mnazi Mmoja pakajengwa ukumbi wa Arnautoglu, kwa msaada wa mkulima wa mkonge wa Kigiriki George Arnautoglu, ukawa kituo cha ustawi wa jamii kwa ngoma, madarasa ya jioni, mikutano na michezo ya kuigiza. Hatua chache kutoka hapo, katika barabara ambayo leo ni Lumumba, TANU ilizaliwa tarehe 7 Julai 1954. Simama leo Mnazi Mmoja uzungushe macho: nyuma yako mji wa sinema za kulipia, mbele yako Kariakoo, kando yako ukumbi wa ustawi wa jamii, na umbali wa kutupa jiwe nyumba ya chama. Ramani ya maisha ya Kawawa yote imo ndani ya eneo unaloweza kulitembea kwa dakika kumi na tano, ukikwepa bodaboda.

Na upande wa pili wa uwanja alikuwapo mshindani. Awaara ya Raj Kapoor ilitoka mwaka 1951, ikaingia pwani yetu na haikutoka tena mioyoni mwa watu. Wazee wa Dar na Unguja ambao hawajui neno la Kihindi wanaimba nyimbo zake hadi leo. Raj Kapoor naye alikuwa anacheza mtu wa mtaani anayesumbuliwa na mji, lakini alikuwa na nyimbo, mapenzi, mahakama na baba asiyejua kwamba anamhukumu mwanawe. Chalo alikuwa na ujumbe wa idara. Sitaki kuwaonea waliotengeneza filamu zetu, ila mtafiti asijidanganye: mtazamaji wa Kariakoo aliyekuwa na shilingi yake mfukoni hakuwa akilinganisha Muhogo Mchungu na kukaa nyumbani. Alikuwa akiilinganisha na Bombay na Hollywood. Serikali ilikuwa na bodi ya kuamua filamu ipi Mwafrika asionyeshwe, kana kwamba watu wazima walikuwa watoto wa chekechea. Nani basi aliyeona fahari zaidi kumwona Mwafrika akiwa mhusika mkuu, anasema Kiswahili, bila mtu wa kumtafsiria? Swali hilo ni la kuwauliza waliokuwa uwanjani, na kila mwaka wanapungua.

Kazi ya uigizaji ya Kawawa ilikuwa fupi. Mwaka 1953 alipelekwa Urambo kufanya kazi ya ustawi wa jamii kati ya Wakikuyu waliowekwa kizuizini wakati wa hali ya hatari ya Kenya. Akaongoza chama cha watumishi Waafrika wa serikali, na mwaka 1955 lilipoundwa Shirikisho la Vyama vya Wafanyakazi Tanganyika, TFL, yeye ndiye aliyekuwa Katibu Mkuu wake wa kwanza. Tarehe 22 Januari 1962 Nyerere alijiuzulu uwaziri mkuu, na kiti kikawa cha Kawawa. Ronald Reagan, mwigizaji mwingine aliyepitia chama cha wafanyakazi, alikuwa bado hajagombea cheo chochote cha serikali. Wamarekani wameandika maktaba nzima kuhusu mwigizaji aliyekuwa rais. Sisi wetu alitangulia.

Lakini nakuonya, msomaji, juu ya njia ya mkato. Ni rahisi mno kusema filamu ndizo zilizomfanya Kawawa mwanasiasa: alizoea kamera, kwa hiyo akazoea jukwaa. Inasikika vizuri kwenye hotuba. Ushahidi wenye nguvu zaidi unaelekea kwingine, kwenye ofisi. Kijana msomi wa Kiafrika aliyetaka kufanya kazi na watu wa kawaida katika miaka ile, njia iliyokuwa wazi kwake ni idara zilizogusa maisha yao, na idara hizohizo ndizo zilizomiliki magari ya sinema na ndizo zilizowachosha watumishi wao Waafrika kwa mishahara ya ubaguzi hadi wakaunda chama. Filamu na chama vilitoka kwenye korido moja. Ndiyo maana nasema mwigizaji huyu hasomwi kwa kutazama pazia tu.

Kuna na mzizi mwingine ambao wanahistoria wa filamu huusahau. Kabla Kawawa hajasimama mbele ya kamera, Dar es Salaam ilikuwa na vichekesho, maigizo mafupi yasiyoandikwa, yaliyochezwa katikati ya muziki na ngoma, yakimdhihaki mshamba, mzee bahili, mke mkorofi, mtu aliyejifanya Mzungu. Ebrahim Hussein aliyachunguza katika tasnifu yake ya mwaka 1975, na nadhani hakuna mahali pazuri zaidi pa kuanzia kusoma namna ya kuigiza ya waigizaji wetu wa mwanzo. Ukimtazama King Majuto, Amri Athumani aliyefariki 2018, akikunja uso kabla hajasema neno, unatazama vichekesho vile vikiwa ndani ya kamera ya video.

Miaka ya baada ya uhuru naipita haraka, maana sura za mbele zitaishughulikia. Kampuni ya Filamu Tanzania ilianzishwa mwaka 1968, ikatoa Fimbo ya Mnyonge mwaka 1976. Harusi ya Mariamu ilikuja 1985. Filamu zilikuwa chache mno kumfanya mtu yeyote aishi kwa uigizaji, na nyota waliopendwa Kariakoo katika miaka hiyo hawakuwa wetu: alikuwa Bruce Lee, alikuwa Amitabh Bachchan.

Hapo ndipo anapoingia mtu ninayempenda kuliko wote katika somo hili, ingawa hakusimama mbele ya kamera. Japani ya filamu bubu ilikuwa na benshi, msimulizi aliyekaa kando ya pazia, akasema sauti za wahusika wote, akaeleza, akalia, akachekesha. Wengine walipendwa kuliko waigizaji, na jina la benshi liliandikwa kwenye bango la jumba. Kaka yake Kurosawa Akira, Heigo, alikuwa benshi, na filamu za sauti zilipokuja ziliiua kazi hiyo miaka ya 1930. Dar es Salaam tulipata wetu wakati Japani wamekwisha wasahau wao. Derek Gaspar Mukandala, mwanajeshi mstaafu, watu wakimwita Lufufu, alichukua filamu za Hong Kong, za Marekani, za India na baadaye za Nigeria, akazisimulia kwa Kiswahili juu ya sauti ya asili, zikauzwa kwa kanda na baadaye kwa diski nchi nzima. Matthias Krings ameandika juu yake vizuri. Kenya wana DJ Afro, Uganda wana VJ Jingo, kazi ileile.

Keti kibanda umiza, kijumba cha video cha mtaani, uone kazi hiyo inavyokwenda. Chumba cha mabati, mabenchi, joto, televisheni moja iliyopandishwa juu. Kwenye kioo Mchina ananyamaza, anatazama mlima. Mwongozaji wa filamu alitaka ukimya. Msimulizi hataki. Anaanza kukueleza huyu bwana ni nani, baba yake aliuawaje, na kwamba yule jamaa mwenye ndevu anayekuja sasa hivi ni adui, mshike vizuri. Mlangoni anaingia mtu amechelewa, kwa maelezo hayo hajakosa kitu. Kisha pigano linaanza na msimulizi ananyamaza, kwa sababu anajua hapo hana kazi. Huko ni kuigiza, tena kwa kiwango cha juu, na mtafiti wa waigizaji asiyemhesabu Lufufu ameiacha nje nusu ya fani.

Kuhusu wazee wa kuhojiwa, ushauri wangu ni mfupi. Nenda barazani jioni, amkia, kunywa kahawa, usitoe daftari haraka. Ukimuuliza mzee wa Mtaa wa Livingstone, "Shikamoo mzee, ulikuwa unapenda filamu gani?" atakujibu, "Marahaba, mwanangu, zote," na maongezi yamekwisha. Muulize alikaa mbele au juu, aliingia na nani, nani alimlangulia tiketi picha ilipojaa, na alirudije Kariakoo usiku. Ukishafika kwenye kurudi usiku, mwenyewe atasimama akuonyeshe stelingi alivyotembea. Hapo sasa washa kinasa sauti, ukiwa umeomba ruhusa. Akina mama waulize peke yao, nyumbani. Barazani mbele ya wanaume hawatakwambia walikwenda na nani.

Na usidharau vitu vya juzi. Televisheni binafsi zilipoanza mwaka 1994, kundi la Kaole likatutengenezea nyota wa kila wiki, na humo akatoka Steven Kanumba, aliyezaliwa 1984 na kufariki Aprili 2012, ambaye mazishi yake yaliujaza mji watu. Biashara ya filamu za nyota hao ilipita Kariakoo: wasambazaji madukani, machinga barabarani na rundo la diski mkononi. Makava yale ni nyaraka. Tazama uso wa nani umekuzwa na wa nani umebanwa pembeni, jina la nani limetangulia, nani amepewa bastola na nani simu. Yanunue sasa, maana simu za mkononi zimekwisha iua diski. Kuyapanga kwa miaka si kugumu. Kava lenye stempu ya TRA, mamlaka ya kodi, ni la mwaka 2013 au baada ya hapo. Lisilo na stempu ni la zamani zaidi, au ni la wizi, na hapo itabidi umuulize muuzaji, naye kwanza atataka kujua kama wewe ni mtu wa TRA.